Hesabu Chini ya Ngazi

Nazibrola hakupima kwa futikamba.
Alikuja na saa ya mfukoni ya babake,
akanishika kifundo cha mkono, mimi Ushangi, fundi lipu,
akahesabu mapigo,
akasema: ukumbi huu utakuwa na urefu wa pumzi saba,
ya nane imkute mtu mlangoni, kifua kitupu.

Nikacheka. Kutaisi nzima ilicheka.
Mji wenye mvua hivi, tukasema, unataka paa,
hautaki mapigo ya moyo.
Lakini alilipa kila Ijumaa, na mwenye kulipa hana wazimu.

Basi nikajenga nilivyoambiwa.
Vidato kumi na moja vya kimo kimoja,
cha kumi na mbili kimezidi unene wa dole gumba,
ili moyo uruke kama mtu aliyeitwa jina lake gizani.
Sakafu ya sebule imelalia upande wa mto Rioni,
kidogo tu, gololi ndiyo ingejua;
miguu ya mgeni huamua kabla yake.
Juu ya meza ya chakula dari nikaishusha
mpaka wagombanao walazimike kusogeza vichwa,
na vichwa vikisogea, alisema, sauti nazo hushuka.
Nyuma ya tanuri la mkate, ukuta wa kuegemeza mgongo,
wenye joto la ng'ombe aliyelala.

Na chumba cha kulilia.
Mlango wake wakufika kidevuni: huingii ila umeinama.
Madirisha yako chini, usawa wa magoti,
nuru inakupanda kutoka miguuni kama maji
na uso unabaki kivulini, una faragha yake.
Lipu ya mle niliichanganya na sufu ya kondoo;
neno likitamkwa halirudi.

Siku ya kufungua walikuja na mvinyo.
Jumber, karani wa kodi, aliingia akitafuna jozi,
akatoka macho mekundu, anauliza nani kakata vitunguu.
Mkwe na mama mkwe walioapa kutosemezana
walisogeza vichwa chini ya dari yangu
wakaombana chumvi.

Mimi nikainama, nikaingia chumba kile,
nikangoja.
Miezi mitano tangu tumzike Tsiuri.
Nikaona mahali mwiko ulipopinda. Nikaona sufu imetokeza pembeni.
Mchawi hajilogi, nikajisemea,
nikatoka mkavu kama gunia la chokaa.

Nikakumbuka ndoo yangu.
Ilikuwa chini ya ngazi,
kwenye kipenyo kisichokuwamo kwenye ramani,
Nazibrola hakukipima kwa kuwa hakuna ambaye angepita.
Nikawasha kiberiti.
Pale ukutani, kwa jino la uma,
siku aliyoniletea chakula lipu ikiwa mbichi,
Tsiuri aliandika deni letu la dukani, karatasi hatukuwa nayo:
jibini, saba; unga, nane;
jumla, kumi na nne.

Saba na nane.
Nilimwambia siku ile, kumi na tano, mwanamke, kumi na tano,
naye akasema, mwenye duka akikubali kumi na nne
wewe unalia nini?
Nikamwacha. Nani atatazama huku, nikasema,
wala sikulainisha.

Kiberiti kikaniunguza vidole.
Magoti yakaenda yenyewe, bila kidato cha kumi na mbili,
bila nuru ya chini, bila sufu;
sauti niliyoitoa ilirudi yote, ikanipiga usoni.

Nilipogeuka Nazibrola alikuwa amechutama,
saa ya babake kiganjani, midomo inacheza kama ya mwenye kuhesabu.
Akaandika kitu. Akakikata.
Akautazama ukuta, akanitazama mimi,
kisha akauliza kama ndoo ile ni yangu.