Sanduku Lilikuwa Langu

Nianze na hili, maana hakuna anayeliuliza:
sanduku lilikuwa langu.
La bati, la buluu, na ubavuni,
kwa rangi nyeupe na mkono wa fundi mlevi:
MIHAYO K. KIDATO CHA PILI,
herufi za mwisho zimebanana kama abiria wa daraja la tatu.

Kalunde aliingia humo mara ya kwanza
akikimbia zamu ya kutwanga.
Tulimtafuta Isevya nzima, hadi relini,
mama amejifunga kibwebwe,
mama mdogo keshaanza kilio cha msibani,
kumbe bati linapumua chini ya kitanda.
Alitoka kiungo kimoja kimoja
kama mtu anayepakua vyombo kapuni:
mkono huu, bega hili, shingo mwisho.
"Mifupa ya uji," bibi akasema, akatema mate pembeni,
isijulikane kama amebariki au amekinga.

Miaka tisa baadaye, Jumamosi usiku,
luninga ya Mama Nyamizi, shilingi hamsini kichwa,
watoto bure, mkekani, wakinyamaza.
Sanze yuko juu ya paa anazungusha mlingoti wa antena:
"Hapo! Rudisha! Umepitiliza, bwana!"
Na huyo Kalunde, kavaa vya kumetameta,
na sanduku langu, na jina langu, mbele ya taifa.
"Mihayo ni nani?" mtangazaji akauliza.
"Mwenye nyumba wangu."
Ukumbi ukaangua kicheko.
Mimi sikucheka. Nilijishika kifua.

Akaingiza mguu. Akaketi. Akaanza kujikunja,
chenga.
Chenga tupu, nyeupe, zinachemka kama mafuta ya karanga.
"Sanze! Sanze weee!"
Picha iliporudi amekwisha simama, anainama,
wanampigia makofi watu wa Mtwara, wa Moshi,
wa kila mahali penye antena iliyotulia.

Ndiyo maana hapa kwetu wapo wanaobisha mpaka leo.
Wanakuja kwa kisingizio cha kununua asali,
"Kidogo tu, Kalunde. Mkono tu."
Anapima, anafuta mdomo wa chupa kwa kidole,
anakilamba:
"Viungo vimestaafu. Bila kiinua mgongo."

Sanduku nilirudishiwa. Mama akawekea karanga za mbegu.
Bado linanuka dawa ya kuchua,
na kati ya MIHAYO na ile K
bati limevimba kuelekea nje,
duara dogo, kiasi cha goti,
goti lililogonga kwa ndani.
Hajaniambia ni usiku gani.
Nami sijauliza.

Asubuhi mwanangu akitumwa kumwamsha
hurudi akisimulia: shangazi kalala
kitanda kizima, sita kwa sita,
mkono Nzega, mguu Sikonge,
mto umeanguka chini
kwa kukosa nafasi.