Nevesi

Karani wa vizazi wilayani Kongwa
ana kalamu mbili, moja haiandiki.
"Jina?"
"Neves."
Akaandika herufi ya kwanza, akanyanyua uso.
"Hilo ni la kike au la kiume?"
Mgongoni mtoto akapiga chafya.
Lilikuwa jibu lake, sikuliongezea neno.

Nilitaka kumwambia: kamuulize Bibi Damari,
aliyeuza maziwa ya mgando langoni mwa kambi
miaka ile wageni wa vita vya Msumbiji
walipolala kwenye mabanda ya karanga,
karanga za Mwingereza zilizogoma kuota,
na wao humo humo wakaota,
kwa Kireno, kwa sauti, hadi fisi wakanyamaza.

Walikuwapo Neves wawili.
Mmoja mwanamume, mpishi, mwenye kidole pungufu,
aliyelia kabla ya kitunguu kukatwa.
Mwingine mwanamke, dereva wa lori,
aliyemtaja mama yake kila gia ilipokataa.
Ukiita "Neves!" uani
waligeuka wote wawili,
na aliyekuwa karibu na chungu ndiye aliyekuja.

Bibi akauliza maana.
"Theluji," akasema mpishi. "Tena nyingi."
Bibi hakuijua theluji.
Kumbe na mpishi hakuijua.
Mama yake alilichukua kanisani,
kwa Bikira wa Theluji: inasimuliwa kwamba huko Roma,
usiku wa Agosti, joto likiwa limekaba koo,
kilima kimoja kiliamka cheupe.
"Agosti?" Bibi akacheka.
"Agosti hapa kwetu
kinachoanguka ni vumbi, nalo huanguka kwenda juu."

Januari ikaja na mvua ya mawe.
Ikauchana mtama, ikaua mbuzi wawili wa Chidumizi.
Neves dereva akatoka na kikombe cha bati,
akakinga, akamletea Bibi kikigongagonga:
"Ni hii. Ila laini.
Ni hii, kama ingekuwa na huruma."
Bibi akalitafuna jina.
Likamtia ganzi jino ambalo
mpaka leo anasema ndilo lililoanza kung'oka.

Kisha lori likaenda kusini usiku, taa zimezimwa.
Nani alifika, nani hakufika,
muuza maziwa haandikiwi barua.

Alipozaa wa kwanza akalitaja jina hilo.
Mchungaji akapekua Biblia, hakuliona,
mjomba akabatizwa Eliya.
Alipozaa wa pili akajaribu tena,
mama yangu akawa Perusi.
Akalikunja jina kama khanga ya harusi
na kuliweka chini ya sanduku, miaka hamsini na kitu,
hadi mimi na tumbo langu.

Haya yote karani hakuyauliza.
Alitaka kisanduku kimoja kiwekwe alama.
Nikaangalia meza yake, yenye mguu mmoja mfupi
na gazeti lililokunjwa chini yake.
Neno meza nalo lilikuja na Wareno.
Kwao ni la kike.
Lilivuka bahari, likafika midomoni mwetu,
likawa meza tu, watu wakala.
Kanisa lao tulilitamka likawa gereza,
sijui nani wa kulaumiwa.
Lakini yeye wetu ni mmoja:
yeye analia, yeye amenyonya, yeye amelala,
na hakuna anayesimama mlangoni kuuliza yupi.

"Weka alama ya kike kwenye kisanduku," nikasema.
"Jina liache lilivyo."
Hakuliacha. Akaongeza i mwishoni,
maana ulimi wetu hautaki neno
lifunge mlango kabla mgeni hajaingia.
Nevesi. Muhuri. Shilingi za cheti.

Nyumbani Bibi alikuwa kwenye mkeka,
macho yake siku hizi yana ukungu.
"Wamekubali?"
"Wamekubali. Ila wameongeza herufi."
Akafikiri, akilamba pengo.
"Theluji ikifika Kongwa," akasema,
"lazima iyeyuke kidogo."
Kisha akaomba maji anawe,
ndipo ashike mtoto.