Nusu ya Pigo

Wenzetu maji huyavulia nguo.
Sisi tuliyavalia:
gauni za milia, soksi hadi magotini,
kofia zenye cheri za plastiki,
na Orville Stangeland, fundi bomba wa Duluth,
sidiria yenye maboya mawili ya wavu.

Tulikuwa wanane. Kiangazi cha hamsini na mbili
tulizunguka na lori na bwawa la turubai,
mji hadi mji, kwenye maonyesho ya ng'ombe na mahindi.
Walitangulia warembo kumi na wawili,
nywele zimegandishwa kwa jelatini,
miguu ikichanua juu ya maji kama ua moja.
Kisha kipaza sauti kikakohoa
tukaingia sisi, tukidondoka mmoja mmoja
kama vigae vya paa bovu.

Kazi yangu ilikuwa kuchelewa.
Saba wanainua mguu wa kulia;
mimi nainua nusu ya pigo baadaye.
Wanazama; mimi bado natazama mawingu
kama mtu aliyekumbuka sufuria jikoni.
Wanaibuka; ndiyo kwanza nazama.
Kawia ufike, wasemao.
Mimi nilikawia nikalipwa,
dola nne na chakula cha jioni.

Mnacheka. Haya, jaribuni.
Kuchelewa kila mtu anajua,
lakini kuchelewa kiasi kilekile
mara arobaini na moja kwa usiku mmoja,
maji yamejaa masikioni,
muziki huusikii ila kwa mbavu!
Bi Czapiewski, mwalimu wetu,
aligonga kijiko kwenye ngazi ya chuma, chini ya maji,
tukahesabu kwa mlio ule.
Siku moja alinitoa bwawani kwa ukali:
"Ardis! Leo umechelewa mapema!"

Minot, mwezi wa tisa.
Mtambo wa kupasha maji ulikuwa umekufa tangu asubuhi.
Katikati ya onyesho paja la Orville likakaza.
Akapiga kelele: watu wakacheka.
Akapunga mwavuli: wakacheka zaidi,
na mama mmoja wa mstari wa mbele
akavua miwani ajifute machozi.
Boya moja likachomoka, likaelea peke yake
kuelekea kwa bendi.
Wenzangu walikuwa wameshageuka, migongo saba,
hapana, sita; yeye ndiye wa saba.
Mimi, kwa nusu ya pigo,
nilikuwa bado namtazama.

Nilimvuta kwa kidevu.
Uwanja mzima ulisimama kutupigia makofi.

Meneja alikuja na taulo na sigara.
"Kile cha mwisho," akasema, "kesho mkirudie."
Tukakirudia. Usiku baada ya usiku
Orville alikaza uso uleule, akafungua kinywa kilekile,
na usiku baada ya usiku, kabla sijamfikia,
sikujua.

Sasa nina themanini na tisa.
Jumanne na Alhamisi, bwawa la kanisa,
vikongwe tisa na vifimbo vya sponji,
maji ya uvuguvugu kama supu iliyosahauliwa.
Kijana anayetufundisha ana filimbi na subira.
"Mama Ardis," ananiambia, "uko nyuma kidogo."

Namwomba radhi. Siongezi neno.
Anahesabu, miguu ya wenzangu inapanda
yenye mishipa, myeupe, ikitetemeka.

Nangoja.