Hali Ibaki Ilivyo

Nashika tangu awali, funguo za Tononoka,
mipira kumi na mbili, na wavu ulokunjika;
ghalani pana kufuli, juu muhuri wawaka:
hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.

Walipohesabu kura, za chama, pale shuleni,
Shebwana huyo papara, akarukia kitini,
Mrisa naye hasira, akakimbia kortini;
kila mmoja mshindi, kila mmoja wa chama.

Alisema wapigaji, wawili walishakufa,
timu ya wauza maji, ipo kwa jina na sifa;
wakili, kwa ufumaji, akapamba taarifa,
“Dharura” ikaandikwa, kwa wino mwekundu, wima.

Jaji kavua miwani, akatazama kalenda,
“Nitawasikia Juni, kama ratiba yapenda;
asiingie ghalani, awe kashindwa, kashinda.”
Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.

Mimi, kweli, nilipenda, maana usiku ule
vijana walishapanda, ukuta wa nyuma kule;
bila hati ya kulinda, ningepigwa pale pale.
Walikuwa wa Mrisa? Nondo hazina alama.

Saa kumi wasichana, waja, nywele wamefunga,
Umazi, mwana wa Dena, magoti yana mchanga:
“Mmoja tu, Bi Hasina, hata ule wa kuunga?”
“Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.”

Juni ikaja, wakili, akawa mgonjwa jino;
Agosti, lile faili, likapotea, si neno;
Disemba, jaji wa pili: “Nianze upya maneno.”
Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.

Siku nzima ya katiba, kifungu cha tisa: “au”,
ni “na”? Mawakili saba, wakanena kwa nahau;
nami benchini, nashiba, miayo; nikasahau
kama mpira duara, kama wavu husimama.

Mihuri ikagawiwa, mmoja kila upande,
safari zikalipiwa, Kigali leo waende;
jioni, penye kahawa, wagawana zao tende.
Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.

Panya hakupewa hati, akautafuna wavu;
hewa nayo haiketi, ikabonyea mashavu;
chumvi ikala mabati, ikayachora makovu.
Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.

Umazi akatimia, kumi na minane, Machi.
Timu aliyolilia, ya chipukizi wa nchi,
haikwenda; kabakia, usiku ule hauchi.
Umri hausikii, mahakama ikisema.

Sasa yuko Kongowea, huwapimia mbatata;
kiganja kilozoea, mpira, sasa chafuta
vumbi; nikimtokea, huuliza, “Wamepata?”
“Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.”

Mwaka wa tatu, hukumu, ikasomwa, nusu saa:
“Kura ile ni haramu, ipigwe pasi hadaa.”
Nami nikapewa zamu, kuhesabu vilokaa;
kufuli lile la kutu, nililigonga, lagoma.

Nikingali nafagia, yaja ile pikipiki,
karani kanitupia, bahasha, wala hashuki:
“Rufaa imeingia, vifungwe, havitumiki.”
Hali ibaki ilivyo, mahakama imesema.

Orodha nikaandika, mipira: kumi na moja.
Karani akairuka, wala hakuona haja.
Wa kuunga, ulochoka, mkobani mwangu waja;
kama hii ni dharau, kizimbani nitasema.

Soko lilipofungika, kamba, nguzo hadi nguzo,
mpira ukafutuka, kwa pampu, hapana tuzo;
Umazi alivyoruka, nilisahau mzozo.
Mbali, pikipiki moja, yaja, kisha yasimama.