Buluberi za Buruburu

Watoto wa nyumba ya nyuma wamepata wimbo:
"Buluberi za Buruburu, buluberi za Buruburu,"
mpaka ulimi unateleza wanaanguka kwa kicheko.
Wananiita mwalimu. Sikuwa mwalimu.
Nilikuwa mwosha vyombo vya maabara,
miaka thelathini na mmoja nikisuuza
walichounguza wengine.
Siku ya kustaafu shule ilinipa saa ya ukutani.
Karatasi za litimasi nilijipa mwenyewe,
vijitabu viwili, mfuko wa ndani wa koti.

Miche niliinunua kando ya Barabara ya Ngong
kwa Wairegi, auzaye maua chini ya turubai.
"Hii ni mifupi, haitapita kiuno chako.
Chukua miwili. Mmoja peke yake hununa.
Na usije ukaupa udongo wa kwenu."

Udongo wa kwetu ni mweusi. Mvua ikinyesha
unashika kiatu kama mwenye deni lake;
jua likiwaka unapasuka nyufa,
nimewahi kupoteza funguo humo.
Niliukoroga kwa maji ya mvua katika kikombe,
nikachovya karatasi nyekundu.
Ikageuka buluu.
Hiyo ndiyo buluu ya kwanza niliyovuna:
buluu ya kukataliwa.

Basi nikaanza upya, kinyumenyume:
kupata tunda la buluu
sharti kwanza karatasi iwe nyekundu.
Ndoo mbili za rangi, matobo chini kwa msumari wa moto.
Gunia la udongo wa Limuru, unakoota mchai,
lililokuja limekaliwa na kabichi.
Sindano za msonobari nilizozoa uani kwa kanisa,
mfagiaji akinitazama kama mwizi wa takataka.
Nikachovya tena. Nyekundu.
Nikapanda jioni hiyo hiyo, mizizi juujuu,
myembamba kama nywele za mtoto mchanga.
Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe, wanasema;
huyu mgeni jembe alinishikisha mimi.

Syombua, jirani yangu, akaja na karai:
samadi ya kuku, na juu yake jivu,
limenyunyizwa kama sukari kwenye mandazi.
Utamkataliaje mtu samadi?
Ni kama kumrudishia sahani ya chakula.
Nikasema: mama, huu ni mti usiotaka kushibishwa.
Akanitazama, akatazama ndoo, akabeba karai lake.
Wiki tatu hatukusalimiana.

Kijiko kimoja cha chai, salfeti ya amonia,
kila baada ya wiki sita, pembeni, mbali na shina.
Maji ya bati. Bati likikauka, ya mfereji,
na tone la siki, maana mfereji una chumvi zake.
Jani likipauka huku mishipa ikibaki kijani,
najua nimezembea.

Machi, maua. Vikengele vyeupe, vinainama.
Wairegi alikuwa ameonya: mwaka wa kwanza, yatoe.
Nikayatoa kwa kucha, moja moja,
na Syombua akavunja kimya chake juu ya ukuta:
"Sasa wewe unalea kwa kunyima?"
Sikuwa na jibu. Kiganja kilijaa vikengele
na sikujua nivitupe wapi.

Mwaka uliofuata, tunda kumi na moja.
Nilizifunika kwa vitambaa vya kochi,
vile marehemu alivyofuma kwa kulabu.
Shore walipenya mahali pa ua lililofumuka,
wakala nne.

Moja nilimpelekea Syombua kwenye kisosa.
Akaitafuna polepole, jicho moja limefumba.
"Ni hii tu?"
Ni hii tu.
"Ingetaka chumvi na pilipili."

Asubuhi yake nilikuta mlangoni mfuko wa maziwa,
umekatwa juu, umejaa makapi ya majani ya chai,
yangali na joto.
Nikachovya karatasi, mazoea tu.
Sikungoja kuona rangi.