Dakika Tatu za Thekla Wiegandt

Siri ya mtungi aijuaye kata,
na siri ya Thekla Wiegandt niliijua mimi,
mvulana wa miaka kumi na minne pale Magdeburg,
mkono mmoja juu ya gramafoni ya Bwana Kessenich,
jicho moja kwenye midomo ya Thekla.

Filamu bubu, santuri kipofu:
mimi ndiye niliyewafungisha ndoa
mara nane kwa siku, mara kumi na mbili Jumapili.
Picha ikisuasua, niliigusa santuri ukingoni,
polepole, mngoje mwenzio.
Picha ikikimbia, nililegeza breki,
na Thekla akapaa nusu noti
akaimba kama paka aliyekanyagwa mkia.

Dakika tatu tu. Watu walilia.
Ohlendorf mchinjaji, anayenuka damu na kitunguu saumu,
alilia kila Jumamosi kwenye ubeti wa pili,
Thekla anapomuaga askari
na kuikunja leso mara nne.
Asiyekuwepo na lake halipo, walisema wahenga.
Basi hawakukaa safu ya tatu
wakamwona asiyekuwepo akivuta pumzi.

Alikuja mwenyewe mara moja, Februari,
theluji imeshakuwa tope.
Mfupi kuliko picha yake.
Macho mekundu, yameliwa na taa za Tempelhof.
Akapanda ngazi hadi kwenye kijumba chetu, akanikazia macho:
"Ni wewe unayenichelewesha?"

Nikakosa la kusema. Akaketi juu ya debe la makaa
akanieleza nyumba ile ya vioo,
Agosti, yeye ndani ya koti la manyoya,
uso umepakwa manjano, midomo buluu,
maana midomo myekundu kamera huiona shimo.
Santuri ikapigwa. Akafungua kinywa,
akafunga, akafungua,
hakutoa hata mnong'ono.
"Na ile sauti yenyewe," akasema,
"niliirekodi asubuhi, nina jino bovu.
Ule ubeti wa pili mnaoulilia,
mnalilia jino."

Sikumwambia Ohlendorf.

Kisha filamu zikarefuka, santuri zikatupwa stoo.
Thekla akawa binti mfalme, akawa mama, akawa mtia sumu,
na mpiga piano akamfunika kwa vidole vyake vinene.
Miaka kumi na tano kinywa kile kilisema
na asiyesikia kitu alikuwa ni sisi wenye masikio.
Zschoche fundi saa, kiziwi wa safu ya mbele,
ndiye aliyemwelewa. Siku binti mfalme anakufa,
ukumbi mzima umeinamia leso,
Zschoche alicheka mpaka akatolewa nje.
Mlangoni alituandikia kwenye karatasi ya tumbaku:
*Amesema viatu vinambana.*

Sauti ilipoingia sinema, walimwita kumpima.
Jibu lilikuja kwa kadi ya posta, akanionyesha:
uso unafaa, sauti haifai.
Msichana mmoja wa Dresden akaimba mahali pake,
Thekla akafungua kinywa, akafunga, akafungua.
Alijua kazi hiyo kuliko wote.
Mimi nami nikaambiwa asante. Mashine
zilikuwa zimeanza kuoana zenyewe.

Mikanda yake ya zamani iliuzwa kwa kilo.
Waliiosha, wakaiyeyusha, wakatengeneza vitana.
Nilinunua kimoja Breiter Weg, senti arobaini,
rangi ya chai. Sidai ni yeye.
Nakichanulia nywele chache nilizobakiwa nazo
na wakati mwingine natazama kwenye mwanga, katikati ya meno,
kama mjinga.

Santuri ninayo. Ina ufa
unaoanzia palepale, ubeti wa pili,
na sindano hugonga, tk, tk,
jino linauma tena.
Kidole changu huenda ukingoni.
Hakuna picha ya kungojewa.
Huenda tu.