Ya Sita

Matanga tuliyaanua jana. Leo, Kiborloni,
nimeshusha kopo la Kimbo juu ya kabati la baba:
ndani kitambaa, ndani ya kitambaa chuma.

“Kidole mbali na kifyatulio,” akasema Anaeli,
aliyestaafu ulinzi wa wanyamapori.
“Toka nje. Mdomo uangalie udongo wa migomba,
usimwangalie mtu, hata kuku.
Na usiiamini. Hata ikikuapia ni tupu.”

Nikasukuma kitasa. Silinda ikalala ubavu.
Nikainua mtutu, nikabonyeza kijiti,
zikadondoka juu ya ungo wenye vumbi la ulezi.

Tano nzito.
Ya sita nyepesi: ganda,
kitako kimedungwa.

Anaeli akachungulia tundu kwa tundu,
kisha akapitisha kidole,
maana jicho huona linachotaka.
“Sasa ni tupu. Kesho kituoni, pamoja na kibali.”

Mama hakuitazama bastola.
Aliliokota lile ganda, akalipuliza vumbi,
akalifunga kwenye pindo la kanga
anapofungaga sadaka.

“Hili haliendi.”

Anaeli akajifanya anafunga viatu.
Nami, ambaye baba aliniambia
hajawahi kuifyatua,
nikahesabu tena zile tano.